Nani kasema Uingereza polisi hawakusachi bila sababu? Uzi wa kusimamishwa, kupekuliwa na sheria za maandamano

MtotoWaTandika (mleta mada)

Wakuu, salaam.

Kuna uzi humu wa vijana waliozolewa kijiweni kwa kosa la uzururaji, na kila nikishuka chini namkuta mtu anasema "Ulaya huwezi kufanyiwa hivyo, kule polisi lazima awe na sababu." Nikaona nisibishane kwenye uzi wa wenyewe, nifungue wangu. Naishi Uingereza, si mwanasheria, ila haya mambo nayafuatilia kwa sababu vijana wa rangi yetu ndio wanaoyaonja. Mods msiunganishe tafadhali.

Kwanza, hiyo "uzembe na uzururaji" yetu imetoka hukuhuku. Mwaka 1824 Waingereza walitunga Sheria ya Uzururaji, wakati barabara zao zimejaa maskini na askari waliorudi kutoka vita vya Napoleon bila kazi. Kifungu cha 4 kiliruhusu kumtia hatiani "mtu anayeshukiwa" anayerandaranda mahali pa umma akiwa na nia ya kutenda kosa. Kosa lenyewe hajalitenda. Nia yake kaijua nani? Polisi. Shahidi nani? Polisi mwenzake. Vijana weusi wa London wa miaka ya 1970 waliikuta sheria hiyo ikiwa hai kabisa, ina umri wa miaka 150 na ushee, wakaipachika jina la "sus".

Aprili 1981, mtaa wa Brixton, kusini mwa London, polisi waliendesha msako walioubatiza Swamp 81. Askari wenye nguo za kiraia walimwagwa mtaani, na kwa siku chache tu walisimamisha watu 943 na kukamata 118. Zaidi ya nusu ya waliosimamishwa walikuwa weusi, na wengi vijana chini ya miaka 21. Mtaa ukalipuka kuanzia tarehe 10 hadi 12. Serikali ikamteua Lord Scarman achunguze, na ripoti yake ilitoka Novemba mwaka huohuo. "Sus" ilifutwa mwaka huo wa 1981. Ni kweli Bunge lilikuwa limeshaanza kuishughulikia kabla ya moto, kwa hiyo wanaosema Brixton peke yake ndiyo iliyoiua wanatia chumvi.

Mwaka 1984 ikaja sheria wanayoiita PACE, ya polisi na ushahidi wa jinai. Hii ndiyo watu wa humu mnayoisifia, na nakubali imeandikwa vizuri. Ili polisi akupekue barabarani lazima awe na sababu za msingi za kushuku kwamba una kitu fulani: mali ya wizi, silaha, zana za kuvunjia (dawa za kulevya zina sheria yao ya 1971). Hisia zake hazitoshi. Rangi yako haitoshi. Kwamba ulishafungwa zamani, peke yake, haitoshi. Kabla hajakugusa anatakiwa akwambie jina lake au namba yake, kituo chake, anatafuta nini, kwa sababu gani na kwa sheria ipi, na kwamba una haki ya kupata nakala ya kumbukumbu ya upekuzi huo. Kama hana sare, aonyeshe kitambulisho. Hadharani anaweza kukuvua koti, jaketi na glovu, basi. Na jina lako hulazimiki kumpa. Vyuoni mwao hukariri haya yote kwa kifupi cha GOWISELY.

Sasa ndugu zangu, mngeishia hapo mngekuwa sahihi. Lakini mwaka 1994 walipitisha sheria nyingine, na ndani yake kuna kifungu cha 60. Polisi wa cheo cha inspekta anaweza kutangaza kwamba eneo fulani linatarajiwa kuwa na vurugu, na kwa saa 24, zinazoweza kuongezwa zikafika 48, askari mwenye sare anaruhusiwa kumsimamisha na kumpekua yeyote ndani ya eneo hilo akitafuta silaha. Yeyote. Shaka haihitajiki. Ukikataa kusimama ni kosa la jinai, unaweza kwenda jela mwezi mmoja. Kanivali ya Notting Hill mwisho wa Agosti karibu kila mwaka hupigwa kifungu cha 60. Unaenda kula kuku wa Kijamaika na kucheza ngoma, unapapaswa.

Nitaendelea chini na habari za maandamano, mkono umechoka.

---

Kalamu Nyeusi

Nimekaa siti ya mbele, endelea mkuu.

---

Ngosha Original

Mnapenda sana kulalamikia nchi za watu. Kama kunawauma rudini nyumbani mlime. Polisi wa Uingereza wengi hawabebi hata bunduki, unataka wakufanyie upole gani zaidi?

---

MtotoWaTandika

Mkuu Ngosha, mimi sijasema ni wakatili. Nimesema sheria inawaruhusu kunisimamisha bila sababu, na mliambiwa haiwaruhusu. Hayo ni mambo mawili.

Tuendelee. Baada ya kifungu cha 60 ikaja Sheria ya Ugaidi ya mwaka 2000, na kifungu chake cha 44 kilikuwa balaa zaidi. Eneo zima lingeweza kutangazwa, na ikaja kujulikana kwamba London yote ilikuwa ikitangazwa upya kila baada ya siku 28, miaka nenda rudi, kimyakimya. Mwaka 2003 kulikuwa na maonyesho ya silaha kule Docklands, mashariki mwa London. Kijana aliyekuwa anaelekea kuandamana na mwandishi wa habari aliyekwenda kupiga picha, wote wakapekuliwa kwa sheria ya ugaidi. Wakashtaki. Mahakama zote za kwao zikawatupa nje hadi ile ya juu kabisa. Wakaenda Strasbourg, kwenye Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya, na Januari 2010 wakashinda. Majaji walisema mamlaka hayo ni mapana mno na hayana breki za kutosha. Mwaka huohuo ikatoka hesabu kwamba katika mwaka mmoja watu zaidi ya 100,000 walipekuliwa kwa mamlaka hayo ya ugaidi, na hakuna hata mmoja aliyekamatwa kwa kosa la ugaidi. Hata mmoja.

Kifungu cha 44 kikaondolewa, kikawekwa kingine kilichobanwa zaidi. Ila cha 60 kipo mpaka leo.

Haya, maandamano. Sheria yao mama ya utulivu wa umma ya sasa ni ya 1986. Ukitaka kutembea barabarani kwa maandamano unatoa taarifa kwa polisi siku 6 kabla. Mkutano wa kusimama sehemu moja hauhitaji taarifa yoyote. Ni taarifa, siyo kuomba kibali. Polisi wanaweza kuweka masharti ya njia, muda na idadi ya watu.

Mabadiliko makubwa yameletwa na hawa wanaharakati wa mazingira, wale wanaojigundisha barabarani kwa gundi na kujifunga minyororo kwenye nguzo. Serikali ya chama cha Conservative ilikasirika, ikapitisha sheria mwaka 2022 na nyingine mwaka 2023. Ya 2023 ilitiwa saini tarehe 2 Mei. Tarehe 6 Mei Mfalme Charles anatawazwa. Asubuhi hiyo karibu na Trafalgar Square polisi wakawakamata watu 6 wa kundi la Republic, linalotaka ufalme ufutwe. Walikuwa na mabango na mikanda ya kufungia mabango hayo. Polisi wakasema mikanda hiyo ni zana za kujifungia. Sheria ina siku 4! Wakakaa ndani kutwa nzima, sherehe zikaisha, wakaachiwa bila mashtaka. Polisi baadaye walieleza masikitiko yao.

Kwenye sheria hiyohiyo, vifungu vya 10 na 11 vinaleta upekuzi kwenye maandamano. Cha 11 ni mdogo wake kifungu cha 60: inspekta anatangaza eneo, mnapekuliwa bila shaka yoyote, safari hii hatafuti kisu wala bastola, anatafuta gundi, kufuli, mnyororo. Vitu vya dukani. Vilianza kutumika Desemba 2023. Kwangu mimi hapo ndipo mambo yalipogeuka: mamlaka yaliyotolewa kwa ajili ya damu kumwagika yamehamishiwa kwenye foleni ya magari.

---

Mama Wawili (Kusini mwa mto)

Mwanangu Tandika, nimesoma yote na nimekuheshimu. Lakini ngoja nikwambie upande wangu. Mimi niko kusini mwa London, nina watoto wawili wa kiume. Mtaani kwetu tumeshazika watoto wa watu. Watoto, siyo watu wazima. Wakitangaza hiyo sitini usiku baada ya mtu kuchomwa kisu, mimi nalala. Ninyi wanaume mnaongea haki kwenye mitandao, mimi naangalia saa mtoto hajarudi.

Wanipapasie mtoto kila siku, mradi arudi.

---

Bodaboda Mstaafu

Mama kaongea. Hapo mleta mada sijui unatokaje.

---

MtotoWaTandika

Shikamoo mama. Siwezi kukubishia hofu ya mzazi, na visu ni tatizo la kweli.

Ninachouliza ni kama hiyo dawa inatibu. Kati ya 2008 na 2011 London ilikuwa na operesheni kubwa ya visu iliyoitwa Blunt 2, upekuzi ukapandishwa sana kwenye mitaa fulani. Wizara yao ya Mambo ya Ndani yenyewe ilichapisha tathmini mwaka 2016: mitaa iliyoongezewa upekuzi haikuonyesha kupungua kwa uhalifu kuliko ile ambayo haikuongezewa. Hao si wanaharakati, ni wizara.

Kifungu cha 60 chenyewe, miaka ya karibuni, katika kila watu 100 waliopekuliwa wanaokamatwa ni 4 au 5 hivi, na hao siyo wote kwa visu. Waliobaki wamerudi nyumbani na hasira. Na kwa upekuzi wote kwa jumla, mtu mweusi Uingereza na Wales anapekuliwa kama mara 4 zaidi ya mzungu ukilinganisha idadi ya watu. Wanao wawili wako kwenye hesabu hiyo.

---

Mama Wawili (Kusini mwa mto)

Marahaba. Hesabu nimeisikia. Lakini hao wanne kati ya mia, kama mmoja wao alikuwa na kisu na alikuwa anamtafuta wa kwangu? Tathmini ya wizara haikai nami msibani.

Hiyo ya watu weusi mara nne ndiyo inayonichoma, hapo sina la kusema. Mkubwa wangu ana miaka 16, ameshasimamishwa akitoka mazoezi ya mpira na begi lake. Hakufanya fujo, nilishamfunza: mikono nje ya mfuko, sauti chini. Ila tangu siku hiyo akiona gari lao anavuka barabara, na nyie mnajua mtoto mweusi akivuka barabara ghafla anaonekanaje.

---

Wakili wa Kijiweni

Wakuu, naomba nilete suala nyumbani maana mleta mada kagusa kitu kizito halafu kakipita.

Ni kweli kabisa kuhusu 1824. Fungueni Kanuni ya Adhabu yetu, Sura ya 16, vifungu vya 176 na 177. Cha 177 kinataja mtu anayeshukiwa, au anayejulikana kuwa mwizi, ambaye hana njia ya kujikimu inayoonekana na hawezi kujieleza vizuri. Hiyo ni lugha ya Waingereza wa 1824 iliyosafiri na makoloni. Wao wameshaufuta mtego wao wa mshukiwa, sisi wetu tumeutunza.

Na siyo kwamba Afrika imelala. Malawi, Januari 2017, Mahakama Kuu ilitangaza kifungu chao cha namna hiyo ni kinyume cha katiba, katika kesi iliyoletwa na mchuuzi wa mtaani aliyekamatwa alfajiri akienda kuuza mifuko ya plastiki. Uganda, Desemba 2022, Mahakama ya Katiba ikafuta sehemu ya kifungu chao. Na Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, ambayo iko hapa hapa Arusha, tarehe 4 Desemba 2020 ilitoa maoni ya ushauri kwamba sheria za uzururaji haziendani na Mkataba wa Afrika, na nchi zinapaswa kuzirekebisha au kuzifuta. Majaji wako Arusha, basi moja tu kutoka Dodoma.

Kuhusu mikutano: sheria yetu ya Jeshi la Polisi, Sura ya 322, inataka taarifa ya saa 48. Kwenye karatasi tuna nafuu kuliko Mwingereza wa siku 6! Lakini mnakumbuka 2016 mikutano ya hadhara ya vyama ilivyozuiwa kwa tamko, ikaja kufunguliwa Januari 2023 kwa tamko jingine. Yote mawili ni matamko, siyo sheria mpya. Kwa hiyo mimi na mleta mada tunatofautiana kidogo. Yeye anahangaika na sheria mbaya iliyoandikwa, na anaweza kuipeleka mahakamani kwa sababu imeandikwa. Sisi tunahangaika na ambayo haijaandikwa.

---

Kalamu Nyeusi

Wakili umemaliza. Uzi ufungwe.

---

Mvita001

Musifunge bado, na sisi wa Mombasa tuna letu.

Huku kwetu tatizo ni kile kitambulisho. Mkoloni alimvisha mwanamume Mwafrika kipande shingoni ndani ya kikebe cha bati ili askari amjue ametoka kwa bwana gani na anakwenda wapi. Mkoloni kaondoka, jina limebaki: hadi leo askari akikusimamisha usiku akuuliza "kipande kiko wapi?" Na kijana wa Pwani au Msomali, kwa miaka mingi kukipata hicho kipande penyewe kulikuwa vita, walimwambia lete cheti cha babu.

Mwaka 2014 mwezi wa Aprili walifanya operesheni Usalama Watch, Eastleigh kule Nairobi ikazolewa, maelfu ya watu wakatiwa uwanja wa Kasarani kukaguliwa karatasi. Katiba ya 2010 ipo, kifungu cha 49 chasema ufikishwe kortini ndani ya saa 24. Wallahi katiba yetu ni tamu kuisoma.

Na kina dada wajue: sheria yetu ya mwenendo wa jinai, kifungu cha 27, mwanamke apekuliwe na mwanamke mwenziwe, na kwa heshima. Si kila askari aikumbuka, basi mukumbusheni kwa upole.

---

Ngosha Original

Sasa polisi wafanye kazi gani? Wasisimamishe, wasipekue, wasiulize. Wakikaa kituoni mtasema wanalala.

---

MtotoWaTandika

Wapekue, Ngosha, ila wawe na sababu wanayoweza kuisema na kuiandika. Miaka ya 2010/11 Uingereza na Wales zilipekua zaidi ya mara milioni 1 kwa mwaka. Theresa May akiwa waziri wa mambo ya ndani, na huyo ni mtu wa Conservative, siyo mwanaharakati, aliwabana mwaka 2014, na kufikia 2017/18 idadi ikashuka chini ya 300,000. Nchi haikuporomoka. Ni kweli visu vilipanda kipindi hicho, na wenzako wa huku hulitumia hilo kila siku kama ushahidi, ingawa kipindi hichohicho askari maelfu walipunguzwa kazi na vituo vya vijana vikafungwa, kwa hiyo kila mtu anachagua sababu anayoipenda. Mawaziri waliofuata wakalegeza tena, upekuzi ukarudi juu ya nusu milioni.

@Wakili wa Kijiweni, nakubali hoja yako kwa sehemu kubwa. Ongezea hili kwenye faili lako: mwaka 2023 serikali ilijaribu kushusha kipimo cha "usumbufu mkubwa" kwenye maandamano ili kimaanishe chochote kinachozidi usumbufu mdogo. Bunge la Malodi likakataa. Suella Braverman, waziri wa mambo ya ndani wa wakati huo, akarudisha lilelile kwa kanuni za wizara. Shirika la haki za raia la Liberty likashtaki, Mahakama Kuu ikasema Mei 2024 kwamba waziri kavuka mamlaka yake, na Mahakama ya Rufaa ikakubali Mei 2025. Kwa hiyo ndiyo, imeandikwa na inapelekwa mahakamani. Lakini hesabu huo muda. Karibu miaka miwili watu wanakamatwa kwa kipimo ambacho hakikuwa halali.

Tena siyo kila mara mahakama inamwokoa raia. Kuna mama mmoja, mwaka 2010, alikuwa ndani ya basi Tottenham hajalipa nauli. Kaulizwa jina, kadanganya, kakumbatia mkoba wake. Siku hiyo eneo lilikuwa limetangazwa kifungu cha 60. Askari akasema mkoba unaweza kuwa na kisu, wakavutana, akaishia chini na pingu. Kisu hakikuwemo. Kesi ilifika Mahakama ya Juu na mwaka 2015 akashindwa: kifungu cha 60 kina kinga za kutosha, wakasema majaji.

---

Bodaboda Mstaafu

Swali kwa Wakili. Mimi nikisachiwa huku kwetu, hiyo karatasi ya kumbukumbu ya upekuzi ya Waingereza na mimi naidai? Maana huku ukidai karatasi unaambiwa "kumbe unajua sheria", halafu defender ya polisi inafunguliwa mlango.

---

Wakili wa Kijiweni

Yako ni tofauti. Sheria yetu ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, toleo la 2019, kifungu cha 38(3), inadai stakabadhi pale kitu kinapochukuliwa, isainiwe na mwenye eneo na mashahidi wakiwepo. Kesi nyingi za bangi na nyara zimefia Mahakama ya Rufaa kwa sababu stakabadhi haikutolewa au ilijazwa baadaye kituoni. Kwa hiyo wakichukua simu au kifurushi, idai hapohapo mbele ya mjumbe au yeyote aliye jirani, na usisaini karatasi yenye mistari mitupu. Dai kwa upole. Wakikupapasa wakakuachia bila kuchukua kitu, stakabadhi hiyo haikuhusu.

---

Mama Wawili (Kusini mwa mto)

Tandika, nijibu moja kabla sijalala. Mkubwa wangu siku ile ya begi hakupewa karatasi yoyote. Anasema askari alimwambia "uko sawa, nenda." Nimechelewa?

---

MtotoWaTandika

Hujachelewa mama kama ni ndani ya miezi mitatu. Nendeni kituo chochote cha polisi wa eneo hilo au muombe kwa tovuti yao: taja siku, saa, barabara, na kama anakumbuka namba za begani mwa askari itasaidia sana. Askari akimpekua mtu anatakiwa kuandika kumbukumbu hata kama hakukuta kitu. Wakisema hakuna kumbukumbu, hilo lenyewe ni lalamiko, liandikeni. Ombeni pia picha za kamera ya kifuani, hizo huombwa kwa sheria ya taarifa binafsi na mtoto wa miaka 16 anaweza kuomba mwenyewe. Fanyeni wiki hii, kwa sababu picha ambazo hazijawekwa alama ya ushahidi hufutwa mapema kuliko karatasi.

Na wakimuuliza kwa nini anaitaka, hana haja ya kueleza.